Jicho na Ulimi: Néstor Almendros na Upigaji Picha wa Filamu ya Général Idi Amin Dada (1974)

IKISIRI

Makala haya yanaeleza kazi ya Néstor Almendros (1930-1992), mpigapicha wa sinema na televisheni aliyejijengea jina nchini Ufaransa, kwa kuichunguza kwa karibu filamu moja aliyoipiga Afrika Mashariki, yaani Général Idi Amin Dada: Autoportrait, iliyoongozwa na Barbet Schroeder. Hoja inayojengwa ni kwamba matumizi ya nuru ya asili na uvumilivu wa kamera ndivyo vilivyoifanya filamu hiyo iwe ushahidi wa kihistoria. Hata hivyo ushahidi huo una ufa mmoja, nao ni lugha: mtu anayejichora katika filamu hiyo anajichora kwa Kiingereza, wala si kwa Kiswahili alichokizoea kambini.

1.0 Utangulizi

Majeshi ya Uganda yalipoingia Kagera mwishoni mwa Oktoba 1978, mkazi wa Kilolo katika nyanda za juu za Iringa alimjua Idi Amin kwa sikio. Televisheni haikuwapo Tanzania Bara, na haikuwapo hadi mwaka 1994. Zanzibar ilikuwa na kituo chake tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, lakini matangazo yake hayakuwa ya watu wa milima ya Udzungwa. Kilichofika huko ni sauti ya Redio Tanzania Dar es Salaam, na pengine gazeti lililokwisha kupita mikononi mwa wasomaji wengi njiani. Vijana wa mgambo waliokusanywa kutoka mikoa mbalimbali ya nchi walikwenda kupigana na mtu ambaye wengi wao hawakupata kuiona sura yake ikicheka, ikikunjamana au ikinyamaza. Walimjua kwa jina, kwa vitisho vyake, na kwa katuni.

Baada ya vita picha ilifika, lakini ilikuwa picha ya mtu mwingine. Filamu ya Rise and Fall of Idi Amin, iliyoongozwa na Sharad Patel na kutolewa mwaka 1981, ilienea Afrika Mashariki yote, kwanza katika majumba ya sinema na baadaye katika kanda za video. Mwigizaji mkuu wake alikuwa Mkenya, Joseph Olita. Si kosa kusema kwamba Amin anayekaa vichwani mwa watazamaji wengi wa ukanda huu, wakiwamo wale waliomwona katika vibanda vya video kandokando ya barabara kuu ya Iringa, ni Olita. Robo karne baadaye Mmarekani Forest Whitaker alimwigiza tena katika The Last King of Scotland (2006), akapata tuzo ya Oscar.

Hata hivyo sura halisi ilikwisha kurekodiwa, tena kwa ustadi mkubwa, miaka minne kabla ya vita. Aliyeshika kamera hakuwa mwandishi wa habari wala mpigapicha wa jeshi. Alikuwa msanii wa nuru ambaye wakati huohuo alikuwa akiwapigia picha Éric Rohmer na François Truffaut, waongozaji wawili wakubwa wa sinema ya Ufaransa. Swali la makala haya ni hili: mtu wa aina hiyo alileta nini Kampala, na ni kitu gani ambacho jicho lake, pamoja na ubora wake wote, halikuweza kukikamata?

2.0 Kutoka Barcelona hadi Televisheni ya Shule

Almendros alizaliwa Barcelona, Hispania, tarehe 30 Oktoba 1930. Baba yake, Herminio Almendros, alikuwa mwalimu na mwanamageuzi wa elimu aliyelazimika kukimbia baada ya Franco kushinda vita vya wenyewe kwa wenyewe, akahamia Kuba. Mwana alimfuata mwaka 1948. Alisoma Havana, kisha akajifunza sinema New York na katika chuo cha Centro Sperimentale mjini Roma. Mapinduzi ya Fidel Castro yalipofaulu mwaka 1959 alirudi Kuba akiwa na matumaini, akafanya kazi katika taasisi mpya ya filamu ya serikali. Matumaini hayo hayakudumu. Filamu yake fupi, Gente en la playa, inayowaonyesha watu wa kawaida wakistarehe pwani, ilizuiwa. Baadaye, alipoisifu gazetini filamu nyingine fupi iliyopigwa marufuku mwaka 1961, alipoteza kazi yake ya uhakiki. Akaondoka kwenda Paris.

Habari hizi si mapambo ya wasifu. Mtu aliyefika mbele ya Idi Amin mwaka 1974 alikuwa amekulia chini ya kivuli cha dikteta mmoja, akasoma chini ya wa pili, yaani Batista, na kumkimbia mtawala wa tatu. Alijua jinsi dola inavyoiogopa picha isiyo na maelezo, hata kama ni picha ya watu wanaooga baharini.

Paris alifika bila jina. Nafasi ilipatikana mwaka 1964, wakati kampuni ndogo ya Les Films du Losange, iliyoanzishwa na Schroeder na Rohmer, ilipokuwa ikitengeneza Paris vu par..., mkusanyiko wa filamu fupi za waongozaji mbalimbali. Mpigapicha wa sehemu ya Rohmer aliiacha kazi katikati. Almendros, aliyekuwapo hapo kama mtazamaji tu, alijitolea kuendelea. Hivyo mtayarishaji wa kwanza kumpa kamera Ufaransa alikuwa Schroeder yuleyule ambaye miaka kumi baadaye angekwenda naye Uganda.

Kazi iliyofuata haitajwi sana na wahakiki, nayo ndiyo iliyomlea. Almendros alipiga na kuongoza filamu fupi za televisheni ya shule ya Ufaransa, yaani vipindi vya kufundishia wanafunzi darasani. Bajeti ilikuwa ndogo, taa zilikuwa chache, na aliyepigwa picha hakuwa mwigizaji bali mwalimu, fundi au mtoto. Katika mazingira kama hayo mpigapicha hujifunza mambo mawili ambayo studio kubwa haimfundishi: kufanya kazi na nuru aliyoikuta, na kumpa mtu asiyejua kuigiza muda wa kutosha ajisahau mbele ya kamera. Wanaodhani kwamba televisheni ya elimu ni kazi ya daraja la chini wangefaa kuitazama upya hatua hii.

3.0 Nuru yenye sababu

Kanuni ya Almendros inaweza kuelezwa kwa mfano wa nyumba ya tofali ya kijijini Kilolo, yenye dirisha moja dogo na mlango uliofunguliwa asubuhi ya ukungu. Anayeingia humo haoni kila kitu kwa usawa. Uso wa aliyekaa karibu na dirisha umeng'aa upande mmoja. Upande wa pili unazama gizani taratibu. Mwisho wa chumba hakionekani kitu ila moto wa jiko. Sinema ya studio ya miaka ya 1940 na 1950 ingeingia na taa tano au sita: moja ya uso, moja ya kuondoa kivuli, moja ya nywele, nyingine za ukutani, hata kila kitu kikaonekana na hakuna ajuaye nuru inatoka wapi. Almendros aliuliza kwanza: katika chumba hiki, nuru halisi inatoka wapi? Ikiwa ni dirishani, basi ibaki dirishani. Isipotosha kwa mkanda wa filamu, iongezwe kutoka upande uleule, tena kwa kuiakisi kwenye dari, ukuta au kitambaa cheupe ili iwe laini. Aliiita nuru yenye sababu kuwa ndiyo nuru nzuri, na mara nyingi aliwataja wachoraji kama Vermeer na Georges de La Tour kuwa ndio walimu wake.

Katika La Collectionneuse ya Rohmer (1967), filamu yake ndefu ya kwanza, aliyaelekeza mapigo ya jua ndani ya nyumba kwa vioo, akizitumia taa chache mno. Katika L'Enfant sauvage ya Truffaut (1970) nuru ya mishumaa na madirisha ndiyo iliyobeba hadithi ya mtoto wa porini anayefundishwa lugha. Mwaka 1976, katika mashamba ya ngano ya Alberta, Kanada, alipiga sehemu kubwa ya Days of Heaven ya Terrence Malick katika dakika ishirini hivi zilizopo kati ya kuzama kwa jua na kuingia kwa giza. Kikundi kizima kilingoja mchana kutwa kwa ajili ya dakika hizo. Filamu hiyo, iliyotolewa 1978 na ambayo sehemu zake za mwisho zilikamilishwa na Haskell Wexler, ilimpatia Almendros tuzo ya Oscar. Nchini Ufaransa alipata tuzo ya César kwa Le Dernier Métro ya Truffaut (1980).

Kanuni hii ilikuwa na gharama inayowahusu hasa wasomaji wa Afrika. Mikanda ya filamu ya rangi ya miaka ile ilipimwa kiwandani kwa kigezo cha ngozi nyeupe. Uso mweusi uliopigwa karibu na shati jeupe, chini ya jua la saa sita, ulielekea kupoteza maumbile yake na kubaki doa la giza lenye macho na meno. Mwongozaji Mfaransa Jean-Luc Godard, alipoalikwa Msumbiji mwishoni mwa miaka ya 1970, aliilalamikia mikanda hiyo kwa sababu hiyohiyo. Kwa hiyo mpigapicha aliyekuja Uganda bila shehena ya taa alikuwa na uchaguzi wa kufanya kila dakika: apime nuru kwa ajili ya anga na magwanda, au aipime kwa ajili ya uso. Katika filamu ya Amin uso ndio uliopewa haki yake. Katika picha za karibu, jasho, mikunjo ya paji, na mboni zinazohama upesi vinaonekana bayana, hata pale nyuma ya mtu panapounguzwa na weupe wa mchana. Huo ni uamuzi wa kiufundi, na ni uamuzi wa kimaadili pia.

4.0 Kampala, 1974

Wazo la filamu lilitoka Ufaransa, na awali lilikusudiwa televisheni. Amin alikubali upesi. Alikuwa mtawala tangu mapinduzi ya tarehe 25 Januari 1971. Mwaka 1972 alikwisha kuwafukuza Waasia. Na alipenda kamera. Schroeder alimpa ahadi isiyo ya kawaida: filamu ingekuwa picha ambayo jenerali anajichora mwenyewe. Ndiyo maana ya neno autoportrait katika jina lake. Amin alilichukulia neno hilo kwa uzito wake wote. Alipendekeza matukio, akayapanga, akawaita wanajeshi, helikopta na vifaru, na hata muziki wa kodiani unaosikika katika filamu ni wake.

Hapa ndipo ustadi wa Almendros unapoonekana kwa namna ya pekee. Mpigapicha mwenye haraka angeweza kufanya moja kati ya mawili: kumpamba, au kumdhihaki. Kumdhihaki ni rahisi. Inatosha kumpiga kutoka chini kwa lenzi pana, uso ukavimba, tumbo likatangulia. Almendros hakufanya hivyo. Kamera yake hukaa kwenye kimo cha macho ya mtu aliyeketi mbele ya mtu. Haikimbii, wala haimkonyezi mtazamaji. Amin anapoongoza zoezi la kuiteka Milima ya Golan, akiwa na askari wachache na vifaa vichache katika uwanja wa Uganda, kamera inalitazama zoezi kama alivyotaka litazamwe, tena kwa ukamilifu. Kichekesho kinatoka ndani ya zoezi lenyewe. Katika mashindano ya kuogelea Amin anazivuka njia za wenzake na kuwazuia, kisha anashinda. Picha inaliona hilo kwa utulivu uleule. Katika safari ya mashua kwenye mto Naili anawaonyesha wageni mamba na tembo kana kwamba nao wameitikia amri yake ya kuja kupigwa picha.

Sehemu mbili zinastahili kutazamwa kwa urefu zaidi.

Ya kwanza ni kikao cha Baraza la Mawaziri. Amin anazungumza, mawaziri wanaandika. Kamera inamwacha msemaji na kuzipitia nyuso za wasikilizaji moja baada ya nyingine. Hakuna anayetikisa kichwa kwa kupinga, wala anayecheka kabla ya mkubwa kucheka. Amin anaikosoa kazi ya waziri wake wa mambo ya nje, ambaye wakati huo alikuwa Luteni Kanali Michael Ondoga. Msimulizi anatuarifu kwamba muda mfupi baadaye maiti ya waziri huyo ilikutwa ikielea katika mto Naili. Ondoga alikuwa ameondolewa wadhifa wake mapema mwaka huo wa 1974. Bila maelezo hayo picha ingekuwa ya mkutano wa kawaida wa serikali. Pamoja na maelezo hayo, kila kalamu inayotembea juu ya karatasi inabadilika maana. Lakini maelezo yasingekuwa na nguvu yoyote kama mpigapicha, siku ile, hangeelewa kwamba habari ya mkutano ilikuwa katika nyuso za walionyamaza. Kwa desturi, mpigapicha wa kikao hubaki na anayesema.

Ya pili ni mkutano na madaktari. Safari hii Amin si mwenye neno. Anaulizwa na kuelezwa mambo na watu waliosoma kumzidi, na kwa dakika chache hana jibu. Kamera inakaa karibu, inamngoja. Mtazamaji anaona tabasamu likitoweka, macho yakipita huku na huko, vidole vikihangaika. Hakuna mkato wa kumwokoa. Ni katika ukimya huo, kuliko katika vifaru vya Golan, ndipo mtazamaji anapoingiwa na hofu. Hii ndiyo faida ya shule ya televisheni ya elimu na ya sinema ya Rohmer: mazoea ya kuiacha picha iendelee pale ambapo wengine wangeizima.

Inafaa hapa kumlinganisha Almendros na Mohamed Amin, mzaliwa wa Nairobi aliyekulia Dar es Salaam na kuanzisha kampuni ya Camerapix mjini humo mwaka 1963. Huyu naye alimpiga picha mtawala wa Uganda mara nyingi, na picha zake za njaa ya Ethiopia za mwaka 1984 zilitikisa ulimwengu. Kazi ya mpigapicha wa habari ni kuwahi: kuwa mahali pale, saa ile, na kutoka na mkanda. Mohamed Amin aliimudu kazi hiyo kuliko karibu wote wa zama zake, akaipotezea mkono wa kushoto Addis Ababa mwaka 1991, na mwaka 1996 akafa katika ndege iliyotekwa na kuanguka karibu na Ngazija. Almendros hakuwa na uwezo huo, wala hakuutaka. Yeye alikuwa na kitu ambacho mwandishi wa habari hupewa kwa nadra, yaani muda wa kukaa na mtu mmoja.

5.0 Dakika mbili na nusu

Filamu ilikuwa na maumbo mawili. La kwanza, la muda wa saa moja hivi, lilipelekwa Uganda, naye Amin akaridhika nalo. La pili, refu zaidi, lilionyeshwa Ulaya. Amin aliposikia kwamba watazamaji wa huko wanacheka, aliwatuma watu London wakaitazame filamu na kuyaandika yote yanayosemwa ndani yake. Kisha akadai sehemu fulani zikatwe. Schroeder alipokataa, Wafaransa zaidi ya mia moja waliokuwa wakiishi Uganda walikusanywa katika hoteli iliyozungukwa na askari, wakapewa namba ya simu ya mwongozaji ili wamwombe wenyewe. Zilikatwa dakika mbili na nusu hivi. Mahali pa zilizokatwa Schroeder aliweka maandishi ya kumweleza mtazamaji sababu. Baada ya utawala wa Amin kuanguka, dakika hizo zilirudishwa.

Jambo lililo muhimu kwa mhakiki ni mpangilio wa kazi uliofichuliwa na mgogoro huo. Watumwa waliokwenda London waliandika maneno, na kutokana na maandishi hayo ndipo madai yakatolewa. Lakini picha ya madaktari, ambayo pengine inamwumbua kuliko sentensi yoyote, haiwezi kunukuliwa katika ripoti. Angeandika nini karani? Kwamba Mheshimiwa Rais alinyamaza? Udhibiti wa maneno una kanuni zake za kale, bali udhibiti wa nuru iliyoangukia shavu la mtu haujapata msamiati. Ndiyo maana sehemu kubwa ya kazi ya Almendros ilipita salama.

6.0 Ulimi

Hadi hapa filamu imesifiwa, nayo inastahili. Sasa inabidi kuuliza swali ambalo wahakiki wa Ulaya na Marekani hawakulipa uzito. Huyu anayejichora, anajichora kwa lugha gani?

Karibu mahojiano yote ni ya Kiingereza. Amin alijifunza Kiingereza chake katika jeshi la kikoloni, King's African Rifles, ambalo lugha yake ya amri na ya maisha ya kambini ilikuwa Kiswahili. Alikuwa Mkakwa kwa nasaba, na Kiswahili ndicho kilichomtoa katika kabila na kumwingiza katika taasisi iliyomlea. Mwaka 1973, mwaka mmoja tu kabla ya filamu, ni yeye aliyekitangaza Kiswahili kuwa lugha ya taifa ya Uganda. Tangazo hilo lilipata upinzani, hasa Buganda, ambako lugha hiyo ilinuka baruti na kambi. Na chuki hiyo ilikiathiri Kiswahili nchini humo kwa miaka mingi. Ni mwaka 2005 tu ndipo marekebisho ya katiba yalipokitaja kuwa lugha rasmi ya pili.

Kwa hiyo mtu huyu mbele ya kamera anazungumza lugha ya wageni kwa sababu wageni ndio waliomwuliza. Sarufi yake inayumba, maneno yanampungukia, anarudia. Sehemu ya kicheko kilichosikika katika majumba ya sinema ya Paris na London kilitokana na ukatili uliojidhihirisha. Sehemu nyingine, na si ndogo, ilitokana na Kiingereza kibovu cha Mwafrika. Vicheko hivi viwili havina thamani moja. Cha kwanza kinamhukumu Amin. Cha pili kinamhukumu kila aliyewahi kusimama mbele ya karani wa kizungu na lugha ya kuazima. Schroeder mwenyewe alilihisi jambo linalofanana na hili, kwani msimulizi wake anamalizia kwa kuwakumbusha Wazungu kwamba, baada ya karne ya ukoloni, Amin anawarudishia kwa kiasi fulani sura yao wenyewe iliyopotoshwa. Lakini alilisema hilo kuhusu historia. Hakulisema kuhusu lugha ya filamu yake.

Fasihi ya Kiswahili ina kipimo cha kulinganishia. Heinrich Brode alipomshawishi Hamed bin Muhammed, yaani Tippu Tip, aandike habari za maisha yake, mzee yule aliziandika kwa Kiswahili, na Brode akazichapisha Berlin mwaka 1902 na 1903 pamoja na tafsiri ya Kijerumani. Huyo naye alikuwa mtu wa mabavu aliyeombwa na Mzungu ajieleze. Tawasifu yake ina hila zake, ina mengi aliyoyaficha, lakini hila hizo ni za mtu anayeimiliki lugha yake: anajua wapi pa kufupisha, wapi pa kutania, wapi pa kunyamaza kwa makusudi. Msomaji hamcheki kwa kushindwa kusema. Anamwogopa kwa jinsi anavyosema. Amin wa kambini, akiwahutubia askari wake kwa Kiswahili chao, huenda angemtisha mtazamaji kwa namna hiyohiyo. Filamu inamkaribia Amin huyo kwa nadra, na inapomkaribia, kikundi kilichorekodi hakikuwa kimekuja kwa ajili ya kusikiliza lugha hiyo.

Inaweza kupingwa kwamba upungufu huu si wa Almendros, kwa maana yeye alishika kamera tu, wala hakuandaa mahojiano. Pingamizi hilo ni la haki. Hata hivyo linathibitisha hoja. Pale ulimi ulipokuwa wa kuazima, jicho ndilo lililobaki na uhakika, na nguvu zote za filamu zikahamia kwenye picha: vidole, mboni, jasho, kalamu za mawaziri. Mtazamaji wa Kilolo akionyeshwa filamu hii bila sauti angeweza kumwelewa mtu huyu kwa sehemu kubwa. Wafasiri wa vibanda vya video, waliozoea kuzisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili huku mkanda ukiendelea, wangekuwa na kazi ya ajabu: kumrudishia Amin lugha yake.

7.0 Kamera iliyorudi nyumbani

Almendros aliendelea kufanya kazi na Schroeder, ikiwamo filamu ya mwaka 1978 kuhusu sokwe aitwaye Koko aliyefundishwa lugha ya ishara. Kisha alihamia zaidi Marekani, akapiga Kramer vs. Kramer (1979) na Sophie's Choice (1982), zote mbili zikateuliwa kuwania Oscar ya upigaji picha. Kitabu chake, Un homme à la caméra, kilitolewa mwaka 1980. Kinapitia filamu zake moja baada ya moja, kikieleza nuru ya kila moja ilitoka wapi.

Mwaka 1984 alifanya jambo ambalo hakulifanya Uganda: alikaa upande wa muulizaji. Pamoja na Orlando Jiménez Leal, mmoja wa waliotengeneza ile filamu fupi iliyopigwa marufuku Havana, aliongoza Mauvaise conduite, inayowahoji Wakuba waliofungwa au kukimbia nchi kwa sababu ya mawazo yao au maumbile yao. Iliandaliwa kwa msaada wa televisheni ya Ufaransa. Nadie escuchaba, aliyoiongoza na Jorge Ulla, ilifuata baada ya miaka michache. Anayezitazama filamu hizi mbili baada ya ile ya Amin anautambua mkono uleule: kimo cha macho, uso uliopewa muda, nuru isiyobembeleza. Tofauti ni kwamba hapa mtawala hayupo. Wanaosema ni wale ambao Kampala walikuwa wakiandika kwa kuinamisha vichwa, na wengi wao wanasema kwa Kihispania, lugha yao na ya anayewauliza. Wanatania, wanasita, wanakatiza sentensi na kuirudia kwa neno lililo bora.

Almendros alifariki New York tarehe 4 Machi 1992. Miaka miwili baadaye televisheni ilianza kurushwa Tanzania Bara. Amin alifia Jeddah tarehe 16 Agosti 2003.